Tupeane uzoefu: mliowahi kugombania ardhi na serikali ya kijiji au halmashauri, iliishaje?

Mleta mada
Habari zenu wakuu. Mzee wetu aligawiwa shamba wakati wa Operesheni Vijiji, 1974. Tumezaliwa pale, na yeye tumemzika pale. Kijiji sasa kimekuwa mtaa, na juzi tumekuta bikoni, zile alama za mipaka za wapima ardhi, zimechimbiwa katikati ya mihogo. Halmashauri inasema eneo ni la shule, lilitengwa zamani. Karatasi hatuna, ila wazee waliogawiwa pamoja naye wapo. Mliopitia haya mlianzia wapi? Semeni na mwisho wake, hata kama uliumiza.

Mnyalukolo
Pole sana mkuu. Sisi tuliishitaki serikali ya kijiji kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Mashahidi wakasikilizwa wote, kisha shauri likaondolewa bila kugusa kabisa shamba ni la nani. Tangu marekebisho ya sheria ya 2020, kushitaki kijiji, halmashauri ya wilaya, manispaa au jiji ni sawa na kuishitaki Serikali. Unatoa notisi ya siku 90, nakala inakwenda kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, naye unamuunganisha kwenye kesi, na kesi unaifungua Mahakama Kuu. Ukimwacha nje, haisimami. Kwa mkulima anayepanda basi kutwa nzima kuifikia Mahakama Kuu, huu ni mzigo mkubwa mno, na kwa maoni yangu sheria hii inawaumiza wanyonge. Ila ndiyo iliyopo. Tumeanza upya, bado tunaendelea.

Dada wa Pwani
Yangu ni ya fidia. Wathamini walikuja, wakahesabu minazi na mikorosho, wakampiga mama picha mbele ya nyumba akiwa ameshika kibao chenye namba, ukuta ukapigwa X nyekundu. Tukaambiwa tusiendeleze chochote. Baada ya hapo kimya. Paa linavuja, mama anaogopa hata kubadilisha bati.

Kilichotuokoa ni nakala ya fomu ya uthamini tuliyoing'ang'ania siku ile ile. Fidia isipolipwa ndani ya miezi sita inadai riba, na uthamini ukipita miaka miwili unaisha nguvu, unarudiwa kwa bei ya wakati huo. Tulimwandikia mkurugenzi kwa hoja hizo, nakala yetu ikagongwa mhuri wa kupokelewa. Uthamini ukarudiwa, mama amelipwa. Kagueni pia posho za usumbufu, usafiri na makazi. Kwetu ya makazi ilirukwa mara ya kwanza.

Mwana Kilosa
Mimi niliuziwa na kijiji chenyewe. Risiti ninayo, mhuri wa mwenyekiti upo. Uongozi mpya ukaomba muhtasari wa mkutano mkuu wa kijiji ulioridhia, haukupatikana popote. Halmashauri ya kijiji haiwezi kugawa ardhi kabla mkutano mkuu haujaridhia. Shamba limerudi kijijini, hela mpaka leo sijaiona.

Mpima Mstaafu
Mleta mada, kukosa karatasi kusikukatishe tamaa. Kifungu cha 15 cha Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 kinatambua ugawaji uliofanyika vijijini kati ya 1970 na 1977. Wakilitaka eneo kwa shule, watwae kwa utaratibu na wakulipe fidia. Kabla ya wakili, nenda ofisi ya ardhi uombe kuona mchoro wa mipango miji wa eneo lenu na tarehe ulipoidhinishwa. "Lilitengwa zamani" ni maneno tu mpaka uone hiyo tarehe.

Mleta mada
Ahsanteni sana, sikuijua hiyo ya kifungu cha 15. Wasiwasi wangu ni wale wazee, umri umekwenda na mmoja haamki vizuri. Maelezo yao nayahifadhije?

Mpima Mstaafu
Usisubiri kesi. Tafuta wakili waape kiapo cha maandishi wiki hii hii, aliye mgonjwa afuatwe nyumbani. Anayeweza kutembea mpeleke shambani akuonyeshe mpaka kwa mpaka: mti gani, mfereji upi, alipakana na nani. Majirani wa pande zote wawepo, wasaini.