Sindano haikugusa santuri, halafu anatuambia tutazame hisia!

MkwaruzoHalali (mleta uzi)
Wakuu, nina hasira na sitaki kutulizwa. Filamu mnaijua, ile ya vijana watatu wa hip-hop wanaozunguka mji kwa mji na gari bovu. Muongozaji mnamjua pia, simtaji. Leo kaulizwa hadharani kuhusu shoo ya mwisho, kajibu kwamba mtazamaji hatazami mikono, anatazama hisia. Yaani tulipe, tukae karibu saa mbili, halafu tuitwe vipofu!

Kwa waliosahau: ukumbi umejaa, taa nyekundu, rapa sauti imemkauka, DJ inabidi aokoe shoo kwa skrachi, yaani kukwaruza santuri. Kamera inasogea taratibu mpaka juu ya mashine ya kuchezea santuri. Unaona vumbi kwenye santuri. Unaona kucha za mtu. Na unaona mkono wa sindano umelala kwenye kishikio chake, na kibanio kinachouzuia usisogee kimefungwa. Kimefungwa! Santuri inakwaruzwa na hakuna kitu kinachoisoma. Hiyo sauti inatoka wapi, kwenye kucha?

Halafu isikilizeni. Ni trafoma ile, aina ya skrachi, sauti inakatikakatika kama mtu anachezea swichi ya taa. Trafoma haifanywi na santuri peke yake. Mkono mmoja unasukuma santuri mbele na nyuma, mwingine unafungua na kufunga fada ya katikati, kile kitelezi cha sauti, kwenye miksa (kifaa cha kuchanganya sauti), ndiyo maana inakatika. Huyu mikono yote miwili iko juu ya santuri, anaikanda kama unga, na fada haijasogea hata kidogo tangu onyesho lianze.

Dawa yake ni bure. Chomoa waya za mashine nyuma ya miksa, shusha sindano kwenye mfereji, mwache akwaruze mpaka asubuhi, spika hazitatoa kitu. Skrachi yenyewe inawekwa baadaye. Mwigizaji hajui? Mlete DJ wa kweli, mvalishe shati lilelile, piga picha ya mikono tu. Kushusha ule mkono ni sekunde 2. Kamera imekaa pale karne nzima na hakuna mtu kwenye seti aliyesema "jamani, sindano"!

SpikaMbovu
Nimekirudia hicho kipande mara tano. Kibanio kimefungwa kweli, hahahaha.

Ila mmemsahau rapa. Kashika kichwa chote cha maiki kwa kiganja, shoo nzima. Maiki nyingi za jukwaani zinasikia mbele na kukataa nyuma, kwa sababu ya matundu yaliyo nyuma ya kapsuli, kile kinachonasa sauti ndani ya maiki. Ukiyaziba kwa mkono, maiki inaanza kusikia kila upande, pamoja na ile spika ya kujisikilizia iliyo miguuni pako. Hapo ni mluzi tu, watu wanaziba masikio. Kwenye filamu sauti inatoka safi kama kaseti ya studio.

KaaKimyaUtazame
Mleta mada, kalale. Seti hujawahi kuiona hata kwenye ndoto. Onyesho lenye maneno halipigwi picha muziki ukiwa juu. Biti inachezwa mwanzoni watu washike mwendo, kisha inazimwa, inabaki ngoma nzito tu ya chini, kama hezi 40, wacheze pamoja bila kuharibu sauti za waigizaji. Mhariri wa sauti anaikata baadaye kwa kichujio. Sasa sindano ikiwa kwenye mfereji, hata waya ukiwa umechomolewa, yenyewe inanong'ona. Maiki ya boom, ile ya kwenye mti mrefu, inaidaka. Ndiyo maana iliinuliwa.

MkwaruzoHalali
DJ kwenye onyesho lile ana neno moja. MOJA. "Twende." Si angelirekodi baadaye kwenye chumba kimya? Na kama lazima uinue sindano, basi usiilete kamera puani kwa sindano! Kaa kwenye uso, kaa kwenye bega, kaa kwa mashabiki. Yeye kaenda kutuonyesha kibanio.

KaaKimyaUtazame
Siku hizi kuna vihisi visivyo na waya, unaviweka juu ya santuri na sindano haihitajiki kabisa. Umepitwa na wakati.

MkwaruzoHalali
Filamu inaonyesha maandishi "1994" kwenye dakika ya kwanza kabisa! Wanauza kaseti mlangoni! Hata santuri za msimbo za kuendeshea kompyuta ni mambo ya miaka ya 2000, na zenyewe zinataka sindano. Mwaka 1994 hakuna sindano, hakuna sauti. Na kibanio kimefungwa!

SpikaMbovu
Hapo kwenye 1994 umemmaliza.

KretiNne
Nyie mnalilia sindano, mimi nalilia kreti. Santuri 80 za inchi 12 na majalada yake zinafika kilo 20. Yule dogo mwembamba anabeba kreti mbili, moja kila mkono, anapanda ngazi huku anaongea na simu ya mezani ya ukumbi imebanwa begani. Kreti tupu zile! Tia hata matofali mwigizaji ainame kidogo.

Na wanafika ukumbini watu wameshajaa, wanachomeka, wanachana. Kupima sauti je? Nani kapanga viwango vya maiki? Mashine imewekwa mezani karibu na spika za besi bila kitu chini. Besi ikiingia, meza inatetemeka, sindano inaokota mtetemo, unarudi kwenye spika, unazaa mngurumo usiokoma. Ndiyo maana watu huweka sponji au zege chini ya mashine.

MistariYaChini
Sindano ingekuwa juu ya santuri basi ingeokota mtetemo, hahaha. Ila wakuu, hakuna aliyeudhiwa kama sisi tunaosoma manukuu. Baa 16 (kila baa ni mapigo manne) kwenye biti ya mapigo 90 kwa dakika ni kama sekunde 43. Rapa akichana maneno 4 kwa sekunde, hayo ni maneno 170 hivi. Kusoma kwa raha ni kama herufi 17 kwa sekunde, na skrini inabeba mistari 2 ya herufi 42. Haiingii! Lazima ukate, na ukikata ulinde vina. Aliyeandika manukuu haya kabandika yote, maandishi yanapita kama mvua.

KretiNne
Bora kupita. Kosa kubwa ni kuuonyesha mstari wa mwisho mapema. Ile mistari ya kumjibu baba yake, sote tuliisoma kabla rapa hajafungua mdomo. Ukumbi ukacheka, rapa bado yuko kwenye "wewe".

MistariYaChini
Hapo ilitakiwa manukuu yakatwe mara mbili. Nusu ya kwanza iishe kwenye pigo la tatu la baa, nusu ya pili itokee na kina chenyewe.

MkwaruzoHalali
Tunarudi kwenye sindano au hapana? Kibanio kimefungwa, wakuu.

KretiNne
Pigo la tatu ni mapema. Rapa anavuta pumzi pale, sikiliza tena. La nne.

MistariYaChini
La nne linachelewa, msomaji anabaki na skrini tupu.