Plastiki imeporomoka bei duniani, mbona kamba na mapolo ya Zanzibar hayashuki?

Mkulima wa Bahari (Jambiani)
Assalaam alaykum jamani. Nina suala, sikuja kugombana na mtu. Kila ukifuatilia habari za biashara unaambiwa polipropilini, hii PP ya kamba, mapolo (magunia), viti na ndoo, imejaa duniani mpaka wenyewe hawajui waipeleke wapi. China peke yake ina viwanda vya kutoa zaidi ya tani milioni 40 kwa mwaka. Zamani ilikuwa mnunuzi tu, siku hizi inauza nje pia. Bei ilipaa 2021, lakini 2023 mpaka 2025 tani moja kule China ilikuwa ikizunguka dola 1,000, mara nyengine chini ya hapo. Sasa niambieni, kamba ya mwani imeshuka wapi? Taitai, vikamba vya kufungia mwani, je? Polo tupu la kutilia mwani mkavu? Naona serikali iondoe ushuru wa vitu hivi, au ituambie nani anakula hapo katikati.

Mla Pweza
Wa alaykum salaam. Anayekula unamjua, unampa salamu kila siku. Dola ikipanda asubuhi, adhuhuri bei ishabadilishwa. Dola ikishuka unaambiwa "hii stoki ya zamani". Katikati ya 2024 dola ilipita shilingi 2,600, kila kitu kikaruka. Mwisho wa mwaka shilingi ikajikaza, nani alishusha? Hiyo stoki ya zamani ya maduka ya Darajani haimaliziki mpaka Kiama.

Nahodha Mstaafu
Mnalaumu wenye maduka bure. Novemba 2023 Wahouthi wa Yemen walianza kupiga meli Bahari ya Shamu. Makontena yakazungushwa Rasi ya Tumaini Jema. Nauli hiyo analipa nani? Nyinyi.

Mhasibu wa Vuga
Kwa heshima zako Nahodha, PP inayokuja kwetu nyingi inatoka Saudia, Imarati na India. Meli ya Jebel Ali, bandari ya Dubai, ikija Dar es Salaam inatoka Hormuz, inaambaa Omani, inashuka na pwani yetu. Hiyo Bab el-Mandeb, mlango wa Bahari ya Shamu, haiikaribii. Tusimtwike Mhouthi kila kitu.

Nahodha Mstaafu
Kijana, umesoma ramani, bahari hukuisoma. Meli ikizunguka Afrika nzima inakaa njiani siku kumi na ushei zaidi. Maana yake meli zile zile zinafanya safari chache, na kontena tupu halirudi kwa wakati. Meli zikiadimika nauli inapanda kote, hata ya Jebel Ali. Niliyasema haya kabla hujazaliwa, wakati wa vita vya Ghuba.

Mhasibu wa Vuga
Kabla sijazaliwa sawa. Lakini nauli ilipanda ikashuka tena, na suala la ndugu yetu liko pale pale.

Fundi wa Amani
Nimefanya kazi kiwanda cha mapolo huko Bara kabla ya kurudi nyumbani, basi niwape hesabu ambayo hapa hakuna aliyeipiga.

PP inakuja kwenye mifuko ya kilo 25, punje nyeupe kama mchele. Unaziyeyusha kwenye joto la nyuzi 200 na zaidi, zinatoka utando mpana wa plastiki, unaukata nyuzi nyembamba, unazivuta mpaka zinakakamaa, ndipo zinakwenda kufumwa kwenye mashine ya mviringo. Polo tupu la kilo 50 lina uzito wa gramu 100 hivi, wengine wanabana wanashusha chini ya hapo. Chukua tani dola 1,000 na dola moja 2,600. Kilo ya plastiki ni shilingi 2,600, ya polo moja ni shilingi 260. Haya, soko la China lianguke asilimia 20. Polo limepungua shilingi 52. Muuzaji gani atabadilisha bei ya polo kwa shilingi 52? Zilizobaki zote ni umeme, kufuma, kushona, chapa, nauli, ushuru, bandari, mchukuzi, na faida ya kila mkono liliopita.

Kwa hiyo anayesubiri China ianguke ili kamba ishuke, atasubiri sana.

Na kitu kimoja mkulima wa mwani akiangalie kuliko bei: jua. PP isiyotiwa dawa ya jua, ukiisokota mkononi baada ya misimu kadhaa inakuwa unga. Wengine wanachanganya chaki kwenye plastiki ili uzito utimie. Kamba nyeusi iliyotiwa kaboni inadumu zaidi. Ile ya rangi za kupendeza unayopunguziwa bei, unainunua mara mbili.

Ila tusijifanye tunaonewa. Siku hizi hata mikeka tunatandika ya plastiki, PP hiyo hiyo. Kina mama wa Pemba wameacha kusuka, wamekaa wanasubiri ya China ishushwe Mkoani, halafu tunalia plastiki ghali.

Bint Wete
Fundi, rudia tena. "Wamekaa"?

Umewahi kusuka mkeka wewe? Ukindu unaukata mbichi, unauchana, unauanika, unautia rangi sufuriani, unauanika tena, unasuka kili mkono kwa mkono usiku watoto wakilala, kisha unashona kili kwa kili mpaka shingo inakataa kugeuka. Mkeka ukimalizika anakuja mtu kama wewe anauliza, "Mbona ule wa plastiki nusu bei?" Unanitajia gramu 100 za polo, lakini mwezi wangu mzima wa kazi huujui uzito wake. Kina mama wa Pemba hawakuacha kusuka. Nyinyi mliacha kununua.

Mla Pweza
Fundi kwisha habari yake 😂

Fundi wa Amani
Dada yangu, sikukusudia wewe. Nilisema kwa jumla.

Bint Wete
Kwa jumla ndiyo nimo mimi, na mama, na bibi yangu.

Msema Kweli
Tuseme na ukweli, mkeka wa plastiki una raha yake. Mtoto akimwaga uji unafuta kwa maji, umekwisha. Wa ukindu ukirowa mara mbili unanuka uvundo. Na Wapemba kwa bei, mashaallah, hata kwenye mikeka hamrudi nyuma. Ndiyo maana maduka yote yenu.

Mtu wa Konde
Hapo umeingia kwengine kabisa. "Maduka yote yenu" ndiyo nini? Mpemba analala nyuma ya duka, anafunga usiku wa manane, anakula mkate na chai kavu mpaka apate mtaji. Huo nao wizi? Kama bei ya kamba inakuuma, fungua duka na wewe, nani kakukataza? Na jua kwamba sisi Pemba ndio tunaonunua ghali kuliko nyinyi. Kontena likishuka Malindi, mzigo wa kwetu unalipiwa tena kupelekwa Mkoani au Wete. Mwani mwingi wa nchi hii unatoka Pemba, kamba zote zinatoka Unguja. Nani anamla nani?

Msema Kweli
Sikusema wizi. Mwenyewe ndiye uliyelitaja neno.

Mtu wa Konde
Ulilizunguka.

Mkulima wa Bahari (Jambiani)
Jamani mwani. Wanaolima wengi ni wanawake, tangu 1989 ulipoanza huku kwetu. Wanasubiri bamvu, maji yakitoka wanaingia mpaka kiunoni kufunga vipando kwa taitai, mwezi na nusu ndipo wavune. Sasa bahari ina joto, kotonii, mwani wa bei nzuri, inaoza, wamebaki na spinosamu ambayo bei yake ni ya huruma. Kamba ikikatika imekwenda na mazao yote. Kwao kamba si jambo la mzaha.

Mhasibu wa Vuga
Nijibu ya ushuru, maana limesahaulika. SMZ, serikali yetu ya Zanzibar, haiwezi kuamka asubuhi ikaondoa ushuru wa forodha wa kamba. Viwango ni vya Jumuiya ya Afrika Mashariki: malighafi asilimia 0, bidhaa za kati 10, bidhaa zilizokamilika 25, na tangu Julai 2022 kuna ngazi ya nne ya 35 kwa vitu ambavyo Jumuiya inavitengeneza yenyewe. Punje za PP zimo kwenye sifuri. Kamba iliyosokotwa haimo. Makusudio ni kuwafanya watu walete punje, wasokote hapa hapa.

Mtu wa Konde
Wasokote hapa wapi? Kiwanda cha kamba za mwani kiko Chake? Kiko Micheweni? Tunalipa ushuru wa kulinda viwanda vya Bara na Kenya. Na waliothubutu kufungua vyao hapa wamelalamika miaka kwamba ukivusha bidhaa kwenda Dar unadaiwa kodi mara ya pili. Kero ya Muungano hiyo, tumekua nayo, tutazeeka nayo.

Mla Pweza
Nilijua tu. Ukianza na ndoo unamalizia na Muungano.

Mtu wa Konde
Cheka. Siku utakayovusha mzigo wako utalia.

Kijana wa Fumba
Mbona hakuna anayezungumzia gesi? Songo Songo inatoa gesi tangu 2004, Mnazi Bay ipo, na plastiki inatokana na gesi. Tutengeneze PP yetu, China tuachane nayo. Mbona Dangote wa Nigeria kaweza?

Fundi wa Amani
Gesi ya Songo Songo karibu yote ni methani, nzuri kwa umeme na mbolea. PP inataka propilini, na hiyo unaipata kwenye kusafisha mafuta ghafi au kwa kuvunja propani. Ipo njia ya kuanzia methani, Wachina wanaitumia kwa makaa ya mawe, lakini ni mabilioni ya dola. Dangote kaweza kwa sababu pale Lekki ana kiwanda cha kusafisha mafuta, PP inatoka ubavuni mwake, uwezo tani 830,000 kwa mwaka, na 2025 alianza kuuza. Sisi TIPER ya Kigamboni iliacha kusafisha mafuta zamani, limebaki ghala. Hiyo ya Nigeria huenda ikatufikia siku moja, ila kwa nauli ya kuzunguka bara zima sitegemei iwe rahisi kuliko ya Saudia.

Bint Wete
Methani unaijua, kusuka hukujui.

Fundi wa Amani
Dada, niombe radhi mara ngapi?

Bint Wete
Bado hujaomba hata moja. Umesema "sikukusudia".

Kijana wa Fumba
Lakini si tulipiga marufuku plastiki sisi? 2006, wa mwanzo kabla ya Kenya 2017 na Bara 2019. Sasa mnazungumzia kuileta zaidi?

Mhasibu wa Vuga
Iliyopigwa marufuku ni mifuko myembamba ya kubebea, hiyo ni polithini, jamii nyengine. Kamba na polo havimo.

Fundi wa Amani
Na mfuko mbadala mnaoubeba kwa fahari, ule unaofanana na kitambaa, ni PP. Nyuzi zake zimepulizwa zikagandishwa, basi. Bara waliweka sharti la gramu 70 kwa mita ya mraba ili uwe mzito urudiwe kutumika. Hapa unakutana nayo laini inaonesha vidole.

Msema Kweli
Subhanallah, yaani tulifukuza plastiki mlangoni ikarudi imevaa kanzu? Basi nao upigwe marufuku.

Kijana wa Fumba
Naunga mkono. Nenda Kibele ukaone jaa lilivyo.

Mla Pweza
Mukipiga marufuku na huo samaki tutabebea wapi, mfukoni?

Bint Wete
Pakacha, na kikapu. Ulizaliwa ukavikuta.

Msema Kweli
Kikapu cha nani, cha bei ya Pemba?

Mtu wa Konde
Huyu leo ana lake.

Mkulima wa Bahari (Jambiani)
Fundi, hiyo kamba nyeusi ya kaboni nitaijuaje dukani? Maana wengine wanatia rangi tu.

Mla Pweza
Bint Wete, tuache utani. Mkeka wa ukindu, futi sita kwa nne, wa rangi, unatengeneza? Nina harusi mwezi wa Shaaban. Na kwa mteja wa humu kuna punguzo?

Bint Wete
Natengeneza, lakini uagize sasa, Shaaban hiyo iko karibu. Punguzo muulize Fundi, yeye ndiye anayejua hesabu za nusu bei. Mzigo unapanda boti ya Alkhamisi, nauli juu yako.

Kijana wa Fumba
Huo mfuko mbadala nani anauingiza kwani? Tumjue.

Nahodha Mstaafu
Mimi bado namngoja Mhasibu anijibu habari ya nauli. Kaona maji marefu kakimbilia ushuru.