Picha ya kupamba imesambazwa, binti yangu hataki shule. Nianze wapi?

Mama wa Likoni
Assalaam aleikum ndugu zangu. Naomba ushauri, moyo hautulii. Binti yangu ana miaka 14, yuko gredi ya 9. Kwenye harusi ya jamaa zetu, usiku wa kupamba, mtu alimpiga picha akicheza, nywele wazi. Mnajua kupamba ni wanawake watupu, na simu hukatazwa mlangoni. Sasa picha iko kwenye grupu la WhatsApp la darasa lao, na wavulana wamo. Wameigeuza stika. Akiuliza hata swali la hesabu, anajibiwa kwa stika hiyo. Wengine wameweka stetasi zenye maneno nisiyoweza kuyaandika hapa.

Mtoto kula hali, kulala halali. Asubuhi kichwa, mara tumbo. Madrasa haendi, maana wale wale wako huko. Usiku namkuta macho, anasoma wanavyomsema. Babake ni baharia, yuko safarini, asema nimnyang'anye simu. Dada yangu ataka twende tukamkabili mama wa msichana tunayemshuku. Mimi nataka mwanangu acheke tena.

Baba Watatu, Kisauni
Chukua simu leo leo. Miaka 14 na WhatsApp wapi na wapi?

Mwalimu wa Majengo
Kaka, kwa heshima, hapo sikubaliani nawe. Haya nayaona shuleni kila muhula. Mtoto akijua kusema ni kunyang'anywa simu, hatasema tena. Tena ataona ameadhibiwa yeye aliyekosewa. Stika itazunguka hata asipokuwa na simu, naye atabaki kuwazia mabaya kuliko yaliyoandikwa.

Dada, kubalianeni usiku simu zote mbili, yako na yake, zilale chumbani kwako. Na umwambie, si mara moja tu, kwamba hakukosa kitu. Kucheza kwenye kupamba si aibu. Aliyevunja stara ya watu ndiye wa kuona haya. Kisha nenda shule, ukae na mwalimu wa darasa na wa ushauri nasaha. Wakipendekeza kikao cha kuombana msamaha mbele ya darasa zima, kataa. Nimeona kinavyomrudisha mtoto nyuma.

Fundi Simu, Mwembe Tayari
Kabla ya kumbloki yeyote, piga skrinishoti. Stetasi hutoweka baada ya saa 24, na ukiripoti mtu WhatsApp gumzo laweza kufutika. Tarehe ionekane, na namba yenyewe, si jina ulilohifadhi tu. Na tafadhali, picha hiyo usiirushe kwenye grupu la familia eti waone alivyotendwa.

Wakili Pwani
Hapa Kenya, sheria ya uhalifu wa mitandao ya 2018, kifungu cha 27, inamhusu anayemnyanyasa mtu mtandaoni: faini hadi shilingi milioni 20, au jela hadi miaka 10, au vyote viwili. Mahakama yaweza pia kuamuru aache. Lakini chini ya Sheria ya Watoto ya 2022, aliye chini ya miaka 12 hawajibiki kwa jinai, na aliye chini ya miaka 14 huchukuliwa kuwa hajui jema na baya hadi mahakama ithibitishiwe vinginevyo, kwa hiyo kwa wanafunzi anza na shule na wazazi. Shule ikizembea, nenda kwa afisa wa watoto.

Ila mtafuteni aliyepiga picha. Ukumbini walikuwapo watu wazima, na huyo hana kinga ya utoto.

Dada Muuguzi, Tudor
Mimi kinachonitisha ni huko kutokula na kutolala. Muulize waziwazi kama amefikiria kujidhuru. Kumuuliza hakumtii wazo hilo kichwani. Akisema ndiyo, usimwache peke yake, mpeleke hospitali siku hiyo hiyo. Namba 116 ya watoto ni bure, usiku na mchana, na anaweza kupiga mwenyewe.

Baba Watatu, Kisauni
Mwalimu, umenishinda, simu ibaki. Lakini babake ampigie mtoto mwenyewe, amsikie. Asitume amri kupitia kwa mama.

Mama wa Likoni
Allah awalipe kheri. Nimemuuliza. Amelia sana, asema kujidhuru hakuwaza, ila hataki kuonekana na mtu. Skrinishoti ninazo, na babake atapiga leo usiku. Dada yangu nimemzuia. Mwalimu, shuleni niende naye?

Mwalimu wa Majengo
Kwanza nenda peke yako. Kikao cha pili muulize yeye anataka nani awepo, na ambaye hamtaki asiingie.