Minecraft bila bando: wadogo zangu hawaioni dunia yangu, shida nini?

Shoka la Mawe

Wakuu habari za jioni. Nimerudi nyumbani Mbeya kwa likizo, na kwa baridi hii ya mwezi wa sita jua likizama hakuna anayetaka kutoka nje. Basi mimi, dogo wangu wa kidato cha tatu na binamu tumeamua kujenga kijiji chetu kwenye Minecraft, ule mchezo wa kujenga dunia kwa vipande, ile ya Java ya kompyuta, kila mtu na akaunti yake. Laptopu tatu, meza moja ya chakula, ruta moja ya laini.

Bando la ruta ni la wiki, lakini likiwekwa Jumatatu, Jumatano linasomewa dua. Nikasema tucheze wenyewe kwa wenyewe. Dunia ipo kwenye laptopu yangu, wao wamekaa upande wa pili wa meza, intaneti ya nini?

Ninachofanya ni hiki. Nafungua dunia, nabonyeza Esc, nachagua Open to LAN, yaani kuifungua dunia kwa mtandao wa ndani wa nyumba. Mchezo unaniambia umefunguka na unanipa namba ya poti, yaani mlango wa kuingilia, jana ilikuwa 54113. Wao wakienda kwenye ukurasa wa wachezaji wengi, yale maandishi ya kutafuta dunia kwenye mtandao wa ndani yanachezacheza tu pale chini. Wanasubiri, wanachoka, dogo anaenda kuchemsha chai.

Kinachonichanganya zaidi: bando likiwepo, nikimtajia dogo anwani yangu ya mtandao na poti akaandika mwenyewe, anaingia bila shida. Bando likikata, anaandika anwani ileile na anaambiwa seva za uthibitisho hazipatikani. Ile orodha ya dunia za mtandao wa ndani ndiyo haijawahi kuionyesha dunia yangu hata siku moja, bando liwepo lisiwepo.

Toleo ni moja kwa wote, 1.20.4. Wi-Fi ni moja. Nimepiga ping (jaribio la kuona kama kompyuta zinafikiana) kwenda kwao na wao kuja kwangu, majibu yanarudi yote. Dogo ameshaanza kusema laptopu yangu ina mkosi. Nisaidieni kabla sijakubaliana naye.

Chuma cha Reli

Kaka hiyo ni fayawoli, ule ulinzi wa kompyuta unaozuia wanaoingia kutoka kwenye mtandao. Zima, cheza, ukimaliza washa. Kazi imeisha.

Shoka la Mawe

Mimi ni dada, ila ushauri nimeupokea. Nimezima kwenye laptopu zote tatu, nikajaribu, nikawasha tena. Hali ni ileile. Halafu kama ni fayawoli, mbona bando likiwepo dogo anaingia? Mlango si ni uleule?

Mzee wa Waya

Binti, hilo swali lako la mwisho ndilo lenye jibu, kaa nalo hapohapo.

Kuna njia mbili za kuingia kwenye dunia yako na watu wengi wanadhani ni moja. Ya kwanza ni ile orodha. Ukifungua dunia kwa LAN, mchezo wako unaanza kupiga mbiu kila baada ya sekunde moja na nusu hivi: nipo hapa, poti yangu ni fulani. Mbiu hiyo haiendi kwa mtu mmoja, inatumwa kwenye anwani ya pamoja, 224.0.2.60, poti 4445 ya UDP, njia ya kurusha ujumbe bila kusubiri jibu. Laptopu yoyote iliyofungua ukurasa wa wachezaji wengi inatega sikio hapo, na ikisikia, jina la dunia linatokea. Njia ya pili ni kuandika anwani kwa mkono. Hiyo haihitaji mbiu, inakuja moja kwa moja kwako kwa TCP, njia ya mazungumzo ya kompyuta mbili.

Sasa tofauti inayokuumiza. Mtu akiingia kupitia orodha, mchezo wake unajua huyu ni jirani. Ukikosa intaneti ya kuthibitisha akaunti, unalalamika kimoyomoyo na kuendelea, na mchezo wako nao unamruhusu. Akiandika anwani kwa mkono, mchezo wake haujui kama wewe uko mezani hapo au uko Ufini. Unataka uthibitisho, hauupati, unafunga mlango. Kwa hiyo kuandika anwani ni dawa ya siku za bando tu. Siku za njaa lazima orodha ifanye kazi.

Poti iko wazi, hilo dogo ameshatuthibitishia. Ruta yako pia haiwatenganishi watu wake, maana ruta zenye tabia hiyo hata ping haipiti. Imebaki mbiu. Kwenye laptopu yako fungua lile dirisha jeusi la kuandikia amri (cmd), andika ipconfig, bandika hapa unachokiona. Nahisi tutakuta mlango ambao hukuuweka kwa ajili ya kucheza.

Shoka la Mawe

Shikamoo mzee. Nimepunguza yasiyo na maana:

VirtualBox Host-Only Network: 192.168.56.1
Wi-Fi: 192.168.8.103

Hiyo VirtualBox, programu ya kuendesha kompyuta ya bandia ndani ya kompyuta, niliiweka muhula uliopita kwa ajili ya somo la Linux. Tangu mtihani sijaigusa, hata sikumbuki nywila ya mashine niliyotengeneza mle.

Mzee wa Waya

Marahaba. Mwizi huyo hapo, na ana barua yako ya utambulisho.

VirtualBox ikiingia inaunda kadi ya mtandao ya bandia ili kompyuta yako iweze kuongea na zile mashine za ndani. Windows haioni bandia, inaona kadi mbili halali. Anwani ya kawaida kama ya dogo inajulikana iko upande wa Wi-Fi, ndiyo maana ping inafika. Lakini anwani ya pamoja haina upande, kwa hiyo Windows inachagua mlango mmoja na kutupia hapo, na kwako imechagua 192.168.56.1. Mbiu ya mgambo inalia kweli, ila inalia kwenye chumba kisicho na mtu.

Usiiondoe VirtualBox, muhula ujao utaitafuta. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika ncpa.cpl, kadi zote zitatokea. Ile ya VirtualBox bonyeza kwa kitufe cha kulia, chagua Disable. Kisha toka kwenye dunia, ifungue upya, ndipo uifungue kwa LAN. Usiruke hatua hiyo, mbiu ianze upya ikiwa na mlango mmoja tu.

Nimeliona tatizo hili kwa watu wa VPN pia, ile programu ya kupitisha intaneti kwa njia ya siri, mtu anaacha kadi ya VPN inaelea halafu anailaumu ruta. Zamani tulikuwa na shida za kueleweka. Kompyuta mbili bila swichi ya mtandao ilikuwa lazima ubane waya wa krosi, upande mmoja rangi ya chungwa mahali pa kijani, ukikosea unakata kichwa unaanza tena. Vichwa vyenyewe unanunua kwa kuhesabu. Siku hizi kadi zinajigeuza zenyewe, waya wowote unakubali, na mafundi tumebaki kutafuta kadi zisizoshikika.

Chuma cha Reli

Mzee nimesalimu amri. Na mimi nina VirtualBox, kumbe ndiyo maana.

Shoka la Mawe

IMEKUBALI. Saa mbili kasoro usiku, bando sifuri, orodha ikaandika jina la dunia kwenye laptopu zote mbili kwa pamoja. Binamu alipiga meza mpaka chai ikamwagika.

Dogo alipoingia hakusema hata asante. Alienda moja kwa moja kwenye zizi langu, akachinja kondoo wanne kwa sababu anataka sufu ya kitanda. Nilikuwa na mkasi wa kunyolea kwenye sanduku, hatua kumi kutoka alipokuwa. Kondoo aliyenyolewa anaota sufu tena, aliyechinjwa ndiyo basi. Nimemweleza. Amesema nyama pia ni kitu.

Swali la nyongeza. Mtoto wa jirani anakuja kila jioni na simu ya mama yake ina Minecraft, na anakaa pembeni anatuangalia kama mtu aliyenyimwa chapati. Anaweza kuingia kwetu?

Nyangumi wa Tanga

Hapana, hiyo ya simu ni Bedrock, ninyi mna Java. Zinafanana sura tu, haziongei. Bedrock inasikiliza UDP poti 19132, Java ina mambo yake. Kuna kiraka kinaitwa Geyser cha kuziunganisha, ila kinakuongezea kazi ya kusasisha kila mara. Kwa mtoto mmoja wa jirani nisingehangaika.

Sisi nyumbani tulihamia Luanti siku za wageni. Zamani ilikuwa inaitwa Minetest, ilibadili jina 2024. Ni ya bure, ipo ya Windows na ya Android na zote zinacheza pamoja, haiulizi akaunti ya kampuni yoyote. Unapakua siku ya bando, ndani yake unachukua mchezo unaoitwa VoxeLibre, huo ndio unaofanana na mliouzoea. Mwenye dunia anaweka alama ya kuwa seva, wengine wanaandika anwani yake na poti 30000. Hakuna uthibitisho wa nje, kwa hiyo anwani kwa mkono inafanya kazi hata bando likiwa limekufa. Hasara yake: kijiji chenu hakihami, mnaanza na mti wa kwanza. Na kwenye simu vidole vinaziba nusu ya kioo.

Shoka la Mawe

Tumejaribu jana. Mtoto wa jirani amejenga nyumba yenye vyumba sita haina mlango, anatoka kwa kuvunja ukuta na kuuziba nyuma yake. Asante sana Nyangumi.

Ila nina jipya. Jana saa tatu umeme ulikatika tukiwa chini mgodini. Laptopu zina betri, ruta haina. Wote wakatupwa nje, mimi nikabaki peke yangu gizani, mgodini na nyumbani.

Mzee wa Waya

Washa hotspoti ya simu yoyote, hata isiyo na salio. Hamhitaji intaneti yake, mnahitaji ile Wi-Fi tu iwakutanishe. Laptopu zote ziunganishe hapo, fungua dunia kwa LAN upya. Kuna pia vibetri vya kuwekea ruta. Ukinunua, soma kwanza volti zilizoandikwa kwenye chaja ya ruta. Nyingi ni 12, ila usinunue kwa kukisia.

Shoka la Mawe

Tumetumia simu ya mama, imekubali mara ya kwanza, na orodha imeonekana palepale. Tumecheza kama dakika arobaini. Kisha mama akaja, akachukua simu yake, akaenda nayo kwenye kikoba. Atarudi saa moja na nusu. Dogo amesimama dirishani.