Tupeane uzoefu: gemu linaganda ganda kwenye kompyuta, kwako chanzo kilikuwa nini?

Mleta mada, Nkuhungu

Mbukwenyi wakuu, hasa nyie wa hapa Dom. Nimefika mwisho jamani. Nina laptopu niliichukua Kariakoo mwaka juzi, mtumba ila ngangari, prosesa i5, ramu GB 8 na ina kadi ya grafiki yake ya pembeni. Nilikuwa nacheza PES 2021, lile gemu la mpira, na mdogo wangu kila jioni nikitoka kazini kule Mtumba mji wa serikali, mwaka mzima haijawahi kunisumbua. Tangu mwezi wa tano imeanza kuganda. Mnacheza vizuri dakika mbili tatu, ikipigwa kona tu watu wakajazana kwenye boksi picha inasimama, sauti ya mashabiki inakatakata kama redio yenye betri mbovu, sekunde nne tano hivi, ikirudi mpira uko nyavuni kwangu na dogo ameshasimama kwenye kochi anashangilia. Kila siku nyavuni kwangu, sijui kwa nini haigandi mimi nikiwa nashambulia.

Nimefuta gemu nikaliweka upya mara mbili. Nimeshusha grafiki mpaka wachezaji hawana sura. Fundi mmoja akasema ni ramu, nikaongeza nyingine ya 8, elfu sitini ikaenda na inaganda vile vile. Fundi wa pili anataka kupiga Windows upya. Mashine yenyewe imeshazeeka siwezi kuilaumu sana, betri haichaji tena nachezea umeme moja kwa moja, na chaja ya mwanzo iliungua siku umeme umekatika ukarudi kwa kishindo nikachukua nyingine kwa mmachinga. Sasa kabla sijampelekea hela fundi wa tatu nataka kusikia kwenu, wewe uliyewahi kugandiwa na gemu mwishowe ilikuwa nini?

Mdau, Ilazo

Vumbi kaka. Hapa kwetu mvua ikishakata mwezi wa nne unaanza upepo mpaka Novemba, unafuta meza asubuhi jioni unaandika jina lako juu yake kwa kidole, sasa jiulize feni ya laptopu inayovuta hewa hiyo hiyo miaka miwili inakuwaje.

Yangu ilikuwa GTA V. Robo saa ya kwanza safi kabisa, halafu feni inaanza kulia kama pikipiki inapanda mlima, halafu gemu linaenda kwa kuchechemea, mwisho linasimama kabisa. Nikaweka HWMonitor, ile programu ya bure ya kusoma joto la mashine, nikacheza, nikachungulia: nyuzi 97. Prosesa nyingi zikikaribia 100 zinajipunguza spidi zenyewe zisiungue, kwa hiyo unaona kama gemu bovu kumbe mashine inajiokoa. Nikafungua mfuniko wa chini kwa bisibisi ndogo, wee! Kati ya feni na zile bati nyembamba zinazotolea joto kulikuwa na kitu kama kipande cha blanketi, rangi ya udongo wa Dodoma kabisa, nikakivuta na kibano kikatoka kizima. Nikasafisha na brashi ya rangi mpya, nikabadilisha na ile pesti ya juu ya prosesa maana ilishakauka ikawa kama chaki. Sasa hivi nacheza masaa mawili haivuki 80.

Ushauri mmoja, ukipuliza na bloa shika panga la feni kwa kidole lisizunguke, likizungushwa kwa nguvu ile linaweza kuharibika. Na acheni kuchezea laptopu juu ya kitanda, shuka linaziba matundu ya chini, mnalalamika inachemka na mmeifunika wenyewe.

Mdau, hosteli UDOM

Mi yangu ilikuwa tofauti. Haikuwa na joto wala nini. Picha inasimama lakini sauti inaendelea safi kabisa, mtangazaji anaongea, muziki unapiga, we unaangalia picha tu. Sekunde kumi, nusu dakika, inarudi kama hakuna kilichotokea. Na haikuwa kwenye gemu tu, hata nikifungua folda la picha ilikuwa inakwama, ila kwenye gemu ndo unaona maana una haraka.

Nikabonyeza Ctrl na Shift na Esc ikaja Task Manager, pale Windows inapoonyesha nini kinatumia mashine, diski imekaa asilimia 100 na haishuki wakati haifanyi kazi yoyote ya maana. Rumeti akaniwekea CrystalDiskInfo, programu ya kupima afya ya diski, ikaandika Caution kwa rangi ya njano. Yaani hadidiski ilikuwa inakufa taratibu, ikifika sehemu mbovu inarudia rudia kusoma na gemu linaisubiri. Usiku kwenye utulivu nilikuwa naisikia, tik, tik, tik. Mimi nikajisemea nitanunua SSD, ile diski ya kisasa yenye kasi, bumu likiingia. Bumu lilichelewa diski haikuchelewa. Nimepoteza prezenteshini mbili na picha zote za mwaka wa kwanza, gemu nimelipata tena kwa rafiki, picha sijazipata. Ukiona Caution nakili vitu vyako siku hiyo hiyo, ya gemu yatafuata.

Baada ya SSD lakini, mashine inawaka kabla sijavuta kiti.

Mdau, Area C

Uza hiyo ununue PS4 upumzike 😂

Mleta mada

Mkuu wa Ilazo nimeiweka HWMonitor, inasoma 58 wakati nacheza. Haichemki kabisa, yaani ipo poa kuliko mimi. Diski pia SSD na haifiki hata asilimia 10. Sasa?

Mama Junia, Kisasa

Na sisi wazazi tunaruhusiwa kuchangia? Mwanangu alikuwa na kompyuta ya mezani, ramu 4, anataka GTA V nayo inadai 4 kama kima cha chini na 8 ndo inayopendekezwa. Nne yenyewe Windows imeshakula nusu, na huyu mtoto anafungua vivinjari kama anaanika dagaa, vichupo arobaini, halafu anacheza. Linaganda anapiga meza. Nikasema meza yangu itavunjika, nikamuongezea ramu ya 8. Ikawa mbaya zaidi, sasa inaganda na skrini ya bluu juu.

Kijana mmoja mtaani, hata si fundi wa dukani, akaja akachomoa ramu zote mbili akaomba kifutio cha penseli. Nikajua ananitania. Akafuta pale kwenye meno ya dhahabu taratibu kama anafuta hesabu iliyokosewa, akapangusa kwa kitambaa kikavu, akarudisha mpaka ikalia "ka!" Mwaka wa pili huu haijaganda. Akaniambia wakati mwingine ikisumbua tuijaribu ramu moja moja kabla ya kununua, au tuiache MemTest86, programu ya kupima ramu, ikimbie usiku kucha, ikitoa mstari mwekundu hata mmoja hiyo ramu ni ya kutupa. Kwa hiyo mleta mada kabla ya kukubali kwamba ramu yako ilikuwa nzima, umejaribu na ile mpya peke yake?

Mleta mada

Nimejaribu dada yangu, mpya peke yake, ya zamani peke yake, na kifutio nimepiga. Sawa tu.

Mdau, Kongwa

Huku kwetu mnajua umeme wa mwisho wa laini. Nina kompyuta ya mezani nikaiongezea kadi ya grafiki, nikawa nacheza Euro Truck usiku. Gemu linaganda, mara nyingine mashine inajizima na kujiwasha, sina hamu. Nikaingia Event Viewer, pale Windows inapoandika matukio yake, nikakuta Kernel-Power 41 zimejipanga kama foleni ya mnada. Hiyo ukiikuta maana yake mashine ilizimika bila kuaga, haikuambii kwa nini.

Nikakaa wiki nzima naandika muda kwenye daftari. Saa moja usiku, saa mbili kasoro, Jumapili hakuna. Jirani yangu ana karakana ya kuchomelea mageti! Akigusa chuma tu taa zangu zinafifia na mashine inaganda. Nikapima na mita kwenye soketi, badala ya 230 ilikuwa inashuka mpaka 180. Power saplai ya mashine ile nayo ilikuwa ndogo, ya ofisi, haikutengenezwa kulisha kadi ya grafiki, kwa hiyo umeme ukishuka kidogo haina akiba. Nikanunua stebilaiza na power saplai kubwa zaidi. Jirani bado anachomelea, tunaelewana.

Mdau, Singida

Kwangu ilikuwa draiva ya kadi ya grafiki, ile programu inayoiendesha kadi. Nilisasisha Ijumaa, Jumamosi gemu likaanza kuganda, nikarudisha ya zamani likapona. Sina stori ndefu.

Mwenye banda la gemu, Chang'ombe

Nina kompyuta sita bandani na PS mbili, mechi moja mia tano. Nimeona kuganda kwa aina zote kwa hiyo nisikilizeni. Kabla ya kununua kitu chochote angalia INAVYOGANDA. Picha inasimama sauti inaendelea kama kijana wa UDOM, anza na diski. Inaanza safi halafu inachoka kadiri inavyopata moto, hilo joto. Sauti inabaki na neno moja dududududu na kipanya hakiendi mpaka uzime kwa kidole, hiyo mara nyingi ramu au umeme au kadi yenyewe. Si kwamba haikosei, ila inakuokolea hela.

Sasa ya kwangu mimi. Mashine namba nne ilikuwa inaganda kila gemu. Nikifungua Task Manager niangalie, kila kitu kipo sawa, prosesa asilimia 5. Nikiifunga, inaganda. Nikiifungua, inapona. Vijana wakaanza kucheza huku Task Manager imefunguliwa pembeni na wakaizoea hivyo, mimi nikawa nashangaa tu. Siku moja nikagusa nyuma ya mashine imekaa tu haina mtu, ya moto kama pasi. Kumbe kwenye gemu moja la kukrakiwa nililoshusha mtandaoni kulikuwa na kidudu kinachochimba sarafu za mtandao kwa prosesa yangu na kwa luku yangu, na kilikuwa na akili ya kujificha kila ukifungua Task Manager. Mimi nalipia umeme mwenzangu anavuna. Nilifomati mashine zote sita, flashi zote nikachoma. Kwa hasira.

Na msizime antivairasi eti gemu limesema uzime ndo liingie. Jiulize kwa nini linataka mlinzi aondoke.

Mdau, Makole

Mleta mada naomba kuuliza vitu viwili. Ukifungua Task Manager ukaenda Performance halafu CPU wakati gemu limeganda, pale chini panapoandikwa Speed kuna namba gani? Na asubuhi ukiiwasha, kabla ya Windows, inakuletea maandishi yoyote?

Mleta mada

Speed 0.79 GHz. Ikizidi sana 0.80. Hiyo ni mbaya?

Maandishi yapo, meupe kwenye kioo cheusi, inataka nibonyeze F1 kuendelea. Nabonyeza F1 inaendelea. Tangu kitambo tu, nilijua ndo uzee.

Mdau, Makole

Kaka umewahi kuyasoma?

Mleta mada

Hapana mkuu 😅 ngoja nizime niwashe.

Mleta mada

Aisee. Inasema aina ya chaja haitambuliki, betri haitachaji na mfumo utapunguza spidi. Kwa Kiingereza safi kabisa. Miezi mitatu naibonyezea F1.

Mdau, Makole

Ndo hiyo. Angalia ncha ya chaja, katikati kuna kapini kembamba kama sindano. Hako si ka umeme, ndo kanakoiambia mashine "mimi ni chaja ya wati kadhaa". Kakivunjika au kakipinda, au chaja ikiwa feki haina hiyo lugha, mashine inaogopa kuvuta umeme mwingi, inaacha kuchaji betri na inaishusha prosesa chini kabisa. i5 yako ilikuwa inatembea spidi ya chini ya gigahezi moja, kona zenye watu wengi haiwezi. Joto lako la 58 ndo lilinistua, laptopu inayocheza gemu mara nyingi haiwi ya baridi hivyo kama inafanya kazi kwa nguvu zake zote. Geuza ile chaja ya zamani iliyoungua usome wati zake kwenye kibandiko, tafuta ya wati hizo hizo au zaidi, volti zisibadilike. Ukienda kununua nenda na mashine, iwashe pale pale, kama bado inadai F1 irudishe.

Mleta mada

Kibandiko cha zamani wati 130. Hii ya mmachinga wati 65 na kale kapini kamelala kama mlevi.

Mama Junia, Kisasa

Na ramu ya elfu sitini?

Mleta mada

Usinikumbushe dada.

Mleta mada

Wakuu mrejesho. Nimepata chaja ya 130 elfu thelathini na tano, nimeiwasha dukani mbele ya muuzaji, F1 haijatokea. Spidi sasa inapanda mpaka 3.2, na betri niliyoizika mwezi wa tano inasoma 41% na inachaji. Joto limefika 84 kwa hiyo mkuu wa Ilazo, Jumamosi nafungua na mimi nikatoe blanketi langu. Jana usiku tumecheza mechi tano mfululizo, kona zote zimepita haijaganda hata mara moja. Dogo kanifunga nne kati ya hizo.