Nchi ikifungua kesi yake yenyewe, je, ICC inalazimika kuachia?

Mizani
Wakuu, naomba tufafanuliane hili. Kila ICC (Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, iliyoko The Hague, Uholanzi) ikimtafuta mtu, serikali husema "tunachunguza wenyewe," na wanaoiunga mkono huona yameisha. Wengine wanasema ICC iko juu ya mahakama zote, serikali ibishe isibishe. Mkataba wa Roma ulioiunda ICC unasemaje hasa? Serikali ipeleke nini ili kesi ibaki nyumbani? Na hati ya kukamatwa ikifika nchini, hakimu wa ndani ana kazi gani, au ni kugonga mhuri tu? Tajeni ibara na kesi, siasa tuziweke kando.

Nondo
Pande zote mbili zimekosea, mkuu. ICC si mahakama ya rufaa juu ya mahakama za nchi. Jukumu la kwanza ni la nchi, na ICC huingia pale nchi isipolitimiza. Soma ibara ya 17.

Watu wengi hukimbilia maneno mawili ya ibara hiyo: nchi "haitaki" au "haiwezi" kushtaki. Lakini kuna swali linalotangulia: je, kuna uchunguzi au mashtaka yoyote yanayoendelea? Kama hakuna, hayo mawili hayafikiwi kabisa, kesi inabaki The Hague.

Na "uchunguzi" hapa maana yake ni mtu yuleyule, kwa matendo ambayo kimsingi ni yaleyale. Kenya ilikwama hapo hapo, katika kesi za ghasia za 2007/2008. Iliweka pingamizi ICC Machi 2011 ili kesi ziachiwe nyumbani, ikaeleza Katiba mpya ya 2010 na mageuzi ya mahakama na polisi. Mei 2011 majaji walikataa, na Agosti mwaka huohuo majaji wa rufaa wakaunga mkono uamuzi huo. Mageuzi ni jambo jema, ila hayaonyeshi kwamba mpelelezi fulani amemhoji shahidi fulani kuhusu mshukiwa fulani. Agizo la kuwachunguza washukiwa lililowasilishwa mahakamani lilikuwa la Aprili 2011, yaani baada ya pingamizi lenyewe. Jaji akiona tarehe kama hiyo, atauliza kabla ya hapo kulikuwa na nini.

Mzigo wa kuthibitisha ni wa serikali. Kinachosaidia ni maelezo ya mashahidi yaliyoandikwa, namba za majalada, barua za kuomba ushahidi, ripoti za wataalamu, hati ya mashtaka, na vyote viwe na tarehe na jina la mshukiwa. Tamko la waziri halina uzito wowote pale.

Halafu kuna "matendo yaleyale." Côte d'Ivoire ilimfungulia Simone Gbagbo, aliyekuwa mke wa rais wa nchi hiyo, mashtaka ya makosa ya kiuchumi na makosa dhidi ya dola, wakati ICC ilimtafuta kwa mauaji, ubakaji na mateso ya raia. Pingamizi lilikataliwa Desemba 2014.

Mizani
Asante sana. Sasa kama sheria za nchi hazina kosa linaloitwa "uhalifu dhidi ya ubinadamu"? Serikali inaweza kumshtaki kwa mauaji ya kawaida na ikahesabika?

Kasuku_wa_Sheria
Inahesabika. Kinachotazamwa ni tendo, si jina la kosa. Katika kesi za Libya majaji walikubali kwamba mashtaka ya makosa ya kawaida yanatosha yakigusa matendo yenyewe. Linganisha washukiwa wawili wa nchi hiyohiyo: Oktoba 2013 kesi ya Abdullah Al-Senussi, aliyekuwa mkuu wa ujasusi, iliachiwa Libya, lakini pingamizi kuhusu Saif Al-Islam, mwana wa Muammar Gaddafi, lilikataliwa Mei mwaka huo. Al-Senussi alikuwa mikononi mwa serikali, na ushahidi dhidi yake ulionekana. Saif alishikiliwa na wapiganaji wa mji wa Zintan, na serikali ilishindwa kumpata yeye, au hata wakili wa kumtetea.

Suala la sheria kurudi nyuma nalo lisisahaulike, maana hapa ndipo waandishi wa miswada huteleza. Sheria ya Kenya ya Makosa ya Kimataifa ilianza kutumika Januari 2009, kwa hiyo ghasia za 2007/2008 ziko nje yake. Uganda ilipita njia nyingine kwa Thomas Kwoyelo, kamanda wa waasi wa LRA. Sheria yake ya ICC ni ya 2010, matendo ni ya nyuma, hivyo waendesha mashtaka walitegemea sheria ya kimila ya kimataifa (kanuni zinazozifunga nchi hata bila mkataba) pamoja na kanuni ya adhabu. Alitiwa hatiani Agosti 2024 kwa mashtaka 44, akafungwa miaka 40. Njia hiyo inawezekana, ila mtu huyo alikamatwa 2009!

Muda nao ni mgumu. Chini ya ibara ya 18, nchi ikishaarifiwa kwamba uchunguzi unafunguliwa, ina mwezi mmoja tu wa kuomba uachiwe. Pingamizi la ibara ya 19 kwa kawaida huwekwa mara moja, kabla kesi haijaanza kusikilizwa. Ukilipeleka bila jalada, umeichoma nafasi yako.

Nondo
Kuhusu hati ya kukamatwa, ibara ya 59. Aliyekamatwa afikishwe haraka mbele ya hakimu wa nchi, na hakimu aangalie mambo matatu: hati inamhusu mtu huyu kweli, amekamatwa kwa utaratibu, na haki zake zimeheshimiwa. Anaweza pia kusikiliza ombi la dhamana. Asichoruhusiwa ni kupima kama ICC ilikuwa na ushahidi wa kutosha kutoa hati. Mawakili wa utetezi hujaribu mlango huo kila mara, na hakimu asiyeusoma mkataba huingia.

Kosa jingine ni kutumia sheria ya kurejesha washukiwa kati ya nchi na nchi. Ibara ya 102 inatenganisha hilo na kumkabidhi mtu kwa ICC, na sharti kama "hatumtoi raia wetu" si kinga mbele ya mkataba. Ibara ya 88 inaitaka kila nchi mwanachama iwe na utaratibu wake wa ndani tayari. Kama haupo, mshukiwa akikamatwa kwa dharura siku 60 za kuleta nyaraka kamili zinaenda huku maofisa wakibishana nani atie sahihi.

Ila pingamizi likiwa bado mbele ya majaji, ibara ya 95 inairuhusu nchi kusubiri kumkabidhi. Hati haifutiki, inabaki hai.

Kasuku_wa_Sheria
Niongeze upande wa pili wa mlango. Anayetumikia kifungo cha ICC katika nchi fulani hashtakiwi huko kwa matendo ya kabla ya kukabidhiwa kwa nchi hiyo bila ruhusa ya ICC, ibara ya 108. Germain Katanga, kamanda wa wanamgambo aliyehukumiwa na ICC, alihamishiwa kwao Kongo (DRC) Desemba 2015 kumalizia adhabu, serikali ikataka kumshtaki kwa mengine, na Aprili 2016 uongozi wa ICC ukaruhusu.