Mjadala: Je, ilikuwa sahihi picha za Emil Nolde kuondolewa katika ofisi ya Kansela?

Mtoa mada:
Mwaka 2019 Angela Merkel, akiwa Kansela wa Ujerumani, aliamua kutozirudisha ofisini mwake picha mbili za mchoraji Emil Nolde (1867–1956). Mojawapo ni "Brecher" ya mwaka 1936: wimbi zito la kijani linapasuka povu chini ya anga lililoiva wekundu, wala hamna mtu, bendera wala kaulimbiu ndani yake. Wakati huohuo maonyesho ya Berlin yalikuwa yakianika nyaraka za Nolde, aliyejiunga na chama cha Wanazi mwaka 1934 na kuwachukia Wayahudi waziwazi.

Naona Kansela alikosea. Wanazi haohao walizoa kazi zake 1,052 kutoka makumbusho ya Ujerumani, nyingi kuliko za msanii mwingine yeyote, na mwaka 1937 wakazitundika baadhi yake mjini Munich ili zizomewe, zikiwemo picha zake tisa za maisha ya Kristo. Kisha mwaka 1941 wakampiga marufuku kufanya kazi yake. Kuzishusha tena leo ni kumhukumu mara ya pili, tena kwa kosa ambalo wimbi lile halikulitenda.

Mchangiaji:
Ndugu mtoa mada, uliyoyataja ni kweli, ila kuonewa na dhalimu hakumgeuzi mtu kuwa mpinzani wake. Mwaka 1933 Nolde alimchongea mchoraji mwenzake, Max Pechstein, kwa ofisa wa serikali kwamba ni Myahudi (na wala hakuwa), na mwaka 1938, baada ya kudhalilishwa kote huko, bado alimwandikia Goebbels, waziri wa propaganda wa Hitler, akilalamika kwamba ameeleweka vibaya. Vita vilipokwisha akajitia ushujaa. Vile vijipicha vyake vya rangi za maji, ambamo rangi huachwa itambae yenyewe juu ya karatasi iliyoloa, vilisifiwa kuwa alivichora kwa kujificha nyumbani kwake Seebüll, ilhali baadhi yake ni vya kabla ya marufuku.

Isitoshe, ukuta wa Kansela hauko sawa na ukuta wa makumbusho, kwa sababu kinachotundikwa nyuma ya kiongozi huonekana kuwa ndicho nchi inachojivunia. Makumbushoni ningeitazama "Brecher" hata kutwa nzima, mradi kibandiko cha pembeni kimtaje Pechstein.